Unadaiwa michango ya NSSF na samansi imefika mezani: ufanye nini na uanze na lipi

Kama samansi umeshaipokea usianze kusoma huku juu, shuka kwanza mpaka hatua ya tatu halafu urudi, maana pale kuna siku zinahesabika na hazikusubiri umalize chai. Nyie wengine ambao bado mko kwenye barua za kukumbushwa na simu za maafisa, twende taratibu.

Mi ni mhasibu, sio wakili. Nashika vitabu vya kampuni ndogondogo hapa Tanzania, hii ina watu 8, ile 15, yenye watu wengi ina 40, na hizi kesi nazijua kutokea upande wa mafaili, yaani mimi ndo yule anayepigiwa simu saa mbili usiku aambiwe "tafuta risiti za mwaka juzi zote". Kwa hiyo mahakamani nenda na wakili, ila usiende kwake mikono mitupu, utamlipa hela nzuri tu akae anakusikiliza unavyokumbuka kumbuka tarehe.

Kabla ya hatua zenyewe kuna kitu lazima kikae kichwani, kwa sababu asilimia kubwa ya waajiri wanaokuja kwangu wanauliza swali moja tu, mahakama inaweza kunifutia? Mchango haufutwi. Ondoa hiyo kabisa. Unachoweza kupata mahakamani ni vitu viwili, muda wa kulipa na hesabu iliyo sahihi, basi, na ukienda unaomba hivyo viwili unasikilizwa, ukienda unaomba huruma unarudi na hukumu.

Sababu ni hii. Sheria ya NSSF (Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii), Sura ya 50, inataka asilimia 20 ya mshahara iende kwenye mfuko, na katika hiyo 20 huruhusiwi kumkata mfanyakazi zaidi ya 10, zinazobaki zinatoka mfukoni kwako. Chukua mtu wa laki sita. Kila mwezi inatakiwa iende 120,000, na hapo 60,000 imetoka kwenye mshahara wake, ameiona kwenye salari slipu imekatwa, kaikubali. Sasa kama una watu 12 wa namna hiyo na hujapeleka miezi 8, deni lako kabla ya penati ni 11,520,000, na humo ndani 5,760,000 haijawahi kuwa hela yako hata siku moja, ulishikishwa tu uipeleke. Hakimu anaijua hiyo hesabu kabla hujafungua mdomo. Ndo maana ile hadithi ya "biashara ilikuwa ngumu bosi" haimgusi, biashara ilikuwa ngumu lakini ile sitini ya mtu ulikata.

Hatua ya 1: piga hesabu yako mwenyewe kabla hujaikubali ya mtu mwingine

Hii ndo hatua nakaa nayo sana kwa sababu kesi nyingi zinashindwa au kupona hapa, sio kule mbele kwa wakili.

Fungua ekseli. Mstari mmoja kwa kila mfanyakazi kwa kila mwezi, sio jumla ya mwezi, nasisitiza, mfanyakazi mmoja mwezi mmoja mstari mmoja. Weka jina, namba ya uanachama, mwezi wa mshahara, mshahara wenyewe, asilimia 20 yake, kilicholipwa, kontrol namba uliyolipia, tarehe ya risiti. Inachosha najua, watu 12 kwa miaka miwili ni mistari 288, lakini ukishamaliza huo mchoro hamna mtu atakudanganya tena na hata wewe hutajidanganya.

Tarehe ziangalie vizuri. Mchango unatakiwa ulipwe ndani ya mwezi mmoja baada ya mwezi wa mshahara kuisha, kwa hiyo mshahara wa Januari mwisho wake ni mwisho wa Februari, ukilipa tarehe 10 Machi umechelewa na penati imeshaanza, na ile penati kisheria inaitwa mchango wa nyongeza na inahesabiwa kwa asilimia kila mwezi deni likiwa limelala. Kiwango chukua kile kilichoandikwa kwenye stetimenti ya madai uliyoletewa, usichukue cha kuambiwa na jamaa kwenye grupu la wasapu, halafu kipigie mwenyewe mwezi kwa mwezi uone kama jumla yao inatoka.

Nikupe mfano nilioushika kwa mikono yangu. Kampuni moja ya usafi, mama mwenye kampuni alikuwa anadaiwa miezi 14, amekata tamaa anataka kuuza gari. Nikakaa na makaratasi yake siku mbili. Machi ilikuwa imelipwa mara mbili na Aprili haipo kabisa, kijana wake wa ofisini alisahau kubadilisha mwezi pale anapojaza, akalipia Machi tena kwa hela ya Aprili. Kosa hilohilo lilijirudia Septemba. Halafu kuna dada wawili waliacha kazi na hakuna aliyewatoa kwenye orodha, kwa hiyo kila mwezi walikuwa wanahesabiwa kama bado wapo wanafagia. Na mwezi mwingine mmoja ulilipwa vizuri tu ila risiti ilikuwa kwenye simu ya yule kijana na simu iliibiwa, tukaenda benki kuprinti stetimenti ikaonekana. Miezi 14 ikawa 11, na dada wawili wakatoka. Hapo hatujaenda mahakamani wala hatujalia kwa mtu, ni peni na karatasi tu.

Vitu vya kutafuta kwa hiyo ni hivi: mwezi uliolipwa ukaingia kwenye mwezi mwingine, watu walioacha kazi, watu ambao hawakuwahi kuwa waajiriwa wako (fundi wa mkataba wa kazi maalumu anayekuletea ankara sio mwajiriwa, ila ukimwita fundi huku anasaini mahudhurio kila asubuhi na unampa likizo, jamani huyo ni mwajiriwa), kipindi ulichofunga biashara kabisa na una ushahidi, na mishahara iliyokadiriwa juu kwa sababu mkaguzi alikuja hukumpa peiroli, yaani orodha ya mishahara. Hilo la mwisho ni kosa linalojirudia mno. Mkaguzi anakuja, mwenye ofisi anakula kona, mkaguzi anakadiria kwa alivyoona, halafu baadae mwenye ofisi analalamika kwamba makadirio ni makubwa.

Hatua ya 2: ongea mapema, ila angalia unachosaini

Ukishajua namba yako andika barua. Sio simu, barua, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Barua iseme mambo matatu tu, hesabu yako ni hii na jedwali limeambatanishwa, unaomba kikao cha kulinganisha, na unapendekeza kulipa kiasi fulani kila mwezi kuanzia tarehe fulani. Ombi la kupunguziwa penati nalo liende humohumo kwa maandishi na sababu zenye vielelezo, maana mahakama sio mahali pa kwanza pa kuombea hilo.

Sasa hapa ndo watu wanajifunga kitanzi wenyewe. Mtu akishapata hofu anaandika "nakiri kudaiwa shilingi milioni 31 na naomba nilipe kidogokidogo" wakati hata hajapiga hesabu. Ile barua ikija mahakamani ni kielelezo namba moja, umekiri kwa mkono wako na saini yako na muhuri wa kampuni, wakili wako atasema nini hapo? Andika "michango ambayo tutakubaliana baada ya kulinganisha hesabu". Maneno machache tu lakini yanakuachia mlango.

Na mwezi wa sasa ulipe kwa wakati hata kama ya nyuma yamekushinda. Ni kitu kidogo lakini mbele ya safari kinaongea kuliko kiapo, hakimu akiona miezi mitano mfululizo imeingia kwa wakati anaona mtu aliyejirekebisha, akiona deni linaendelea kukua huku unaomba muda, anaona danadana.

Kingine, ukipata makubaliano usiahidi usichoweza. Bosi akishabanwa anasema milioni tatu kwa mwezi ili atoke tu pale ofisini, mwezi wa pili amekwama. Bora useme laki nane na uilete kila mwezi.

Hatua ya 3: samansi imefika, na hii sio kesi ya kawaida

Soma karatasi ya juu kabisa. Mfuko ukidai michango mahakamani kwa kawaida unafungua shauri la muhtasari, chini ya Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Tofauti yake na kesi nyingine ni moja na ni kubwa: huna haki ya kujitetea mpaka uombe ruhusa ya kujitetea na upewe. Ukikaa kimya, au ukienda siku ya kesi ukasimama unataka kueleza bila kuwa na ruhusa, madai yanachukuliwa umeyakubali na hukumu inatoka siku hiyohiyo.

Siku ulizonazo kuomba ruhusa ni 21, kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, na zinahesabiwa tangu upokee. Kwa hiyo ile siku samansi imeletwa, andika juu yake tarehe na saa na nani kapokea, hata kama kapokea mlinzi getini. Nimeshaona samansi imekaa kwenye droo ya mapokezi siku 17 kwa sababu dada wa mapokezi alidhani ni matangazo, zikabaki siku nne za kutafuta wakili, kuandaa kiapo na kufaili, na katikati kulikuwa na wikiendi.

Kosa la pili ni kupeleka utetezi wa kawaida wa maandishi kama unavyofanya kwenye kesi nyingine. Bila ruhusa ule utetezi ni karatasi tu, hausomwi. Kinachopelekwa ni maombi ya ruhusa pamoja na hati ya kiapo, na kile kiapo ndo kila kitu, kwa sababu jaji au hakimu ataamua kwa kukisoma hicho kama kuna jambo la kubishaniwa kweli au unavuta muda tu.

Aape nani? Mtu anayejua hesabu, mkurugenzi au mhasibu wa kampuni, sio binamu yako msomi. Kiapo kiseme namba. Mfano badala ya kuandika "mdaiwa anapinga kiasi kinachodaiwa", andika hivi: "Katika jumla inayodaiwa, mchango wa mwezi Juni kwa wafanyakazi 12 wenye jumla ya shilingi 1,440,000 ulilipwa tarehe 28 Julai, risiti imeambatanishwa kama kielelezo B, lakini mwezi huo umeingizwa tena kwenye jedwali la madai." Unaona tofauti? Ya kwanza ni kelele, ya pili ni jambo la kubishaniwa, mtu lazima aje alijibu. Ndo hapo ile ekseli ya hatua ya kwanza inapolipa.

Vinavyosikilizwa ni vilevile nilivyotaja juu, malipo yaliyosahauliwa, watu ambao sio waajiriwa wako, vipindi visivyo sahihi, makadirio yenye makosa, au kwamba aliyeshtakiwa siye mwajiri (unakuta watu wamefungua kampuni mpya yenye jina linalofanana na ya zamani). Visivyosikilizwa: mtaji umekata, mteja mkubwa hajalipa, mkurugenzi wa zamani ndo alikula hela, wafanyakazi wenyewe walisema wasikatwe. Hilo la wafanyakazi kukubali kutokukatwa linanichekesha kila mara, mtu anakuja na karatasi imesainiwa na watu 9 kwamba hawataki NSSF anadhani amepata kinga. Mchango ni wa lazima kisheria, karatasi ya kusaini wewe na fundi wako haiondoi sheria ya Bunge.

Ruhusa inaweza kutolewa kwa sehemu ya deni tu. Kama unabisha milioni 6 kati ya 20, kubali zile 14 waziwazi na uanze kuzilipa, halafu upiganie 6. Waajiri wanaogopa kufanya hivi wanaona kama wamejisalimisha, kumbe kiapo kinachokubali kilicho kweli ndo kinachoaminika kwenye kilichobaki.

Na lugha isikutishe, tangu marekebisho ya mwaka 2021 Kiswahili ndo lugha ya sheria na mahakama, kwa hiyo kiapo chako kinaweza kuwa kwa Kiswahili ukasoma mwenyewe unachokiapia. Wakili wako akikuletea cha Kiingereza usichokielewa, mwambie ndugu yangu nifafanulie kila aya, maana ukiapa uongo shida ni yako sio yake.

Hatua ya 4: huna cha kubisha? Basi omba muda, na uombe kitaalamu

Wengi mko hapa, tusidanganyane. Hesabu ni sahihi, hela hamna. Hapa kazi ya wakili sio kupinga, ni kuandika hati ya makubaliano nzuri na mahakama kuisajili iwe hukumu ya maridhiano. Na hata bila makubaliano, wakati inatoa hukumu ya fedha mahakama ina uwezo wa kuamuru ilipwe kwa awamu ukionyesha sababu ya kutosha, kwa hiyo omba kabla hukumu haijatoka. Baada ya kutoka mlango unakuwa mwembamba, awamu zitahitaji mdai naye akubali.

Sababu ya kutosha inaonekana kwenye karatasi. Stetimenti ya benki miezi 6, orodha ya wateja unaowadai na ankara zao, peiroli ya sasa, na risiti za michango ya miezi ya karibuni. Piga picha ya mapato na matumizi, uonyeshe kwamba ukilipa 1,200,000 kwa mwezi kampuni inaendelea kupumua na wafanyakazi 12 wanaendelea kuchangiwa, ila akaunti ikifungwa leo biashara inakufa na deni linabaki. Hiyo ni hoja, kwa sababu hata mfuko wenyewe unajua ng'ombe aliyekufa hakamuliwi.

Ndani ya hati hakikisha haya yameandikwa. Kiasi cha mchango peke yake na kiasi cha penati peke yake, visichanganywe kwenye namba moja. Tarehe ya kila awamu. Na pigania hiki kwa nguvu zote: malipo yaanze kuingia kwenye michango, penati zifuate nyuma. Michango ikiisha, chanzo cha penati mpya kimeisha na rekodi za wafanyakazi zimejaa, ikianza penati utalipa mwaka mzima na mtu wako akienda kufuatilia mafao bado anakuta mashimo. Omba pia siku kadhaa za neema kabla ya awamu iliyochelewa kuhesabika kuwa imevunjwa, kwa sababu kawaida hizi hati zina kifungu kwamba ukikosa awamu moja deni lote linaiva kwa mkupuo na wanakwenda moja kwa moja kukazia hukumu, yaani kuitekeleza kwa nguvu. Siku 14 za neema zinaokoa kampuni.

Riba pia itajwe. Baada ya hukumu mahakama huwa inaweka riba yake, asilimia 7 kwa mwaka ndo iliyozoeleka, na usipoitaja kwenye mpango wako utamaliza awamu zote halafu uambiwe kuna kamkia kamebaki.

Hatua ya 5: hukumu imeshatoka hukuwepo

Inatokea, samansi ilipelekwa ofisi ya zamani, umekuja kujua siku benki inakuambia akaunti imezuiwa. Usikimbilie rufaa. Amri hiyohiyo ya XXXV inaruhusu mahakama iliyotoa hukumu kuitengua, kusimamisha utekelezaji na kukupa ruhusa ya kujitetea, kama kuna mazingira maalumu. Kutokupelekewa samansi kabisa ni mazingira maalumu. Kusahau sio.

Unaleta vitu viwili pamoja, ushahidi kwamba hukupata taarifa (mkataba wa pango unaoonyesha ulihama, usajili wa anwani mpya) na ushahidi kwamba ukipewa nafasi una cha kusema. Wengi wanaleta cha kwanza tu. Hakimu anauliza, sawa hukupata, ungekuja ungesema nini? Kimya. Maombi yanatupwa.

Na siku ileile omba amri ya kusimamisha utekelezaji kwa hati ya dharura, kwa sababu maombi ya kutengua peke yake hayamzuii dalali wa mahakama kuja na lori. Mahakama inaweza kukutaka uweke dhamana au ulipe sehemu kwanza, nenda ukiwa na kitu mkononi.

Ukiletewa notisi ya kujieleza kwa nini usipelekwe kifungo cha madai (kufungwa kwa ajili ya deni), fika. Fika wewe mwenyewe. Hiyo ndo siku ya kuonyesha kwamba hukuficha mali na hukukataa kulipa bali umeshindwa, na uje na ulichoweza kulipa wiki hiyo hata kama ni milioni moja. Wakurugenzi wanaozima simu siku hiyo wanajiandikia wenyewe hati ya kukamatwa.

Hatua ya 6: ukiitwa kwenye jinai

Kutokupeleka michango ni kosa la jinai pia, na hiyo kesi ni nyingine tofauti na ya madai, ukilipa faini deni bado lipo palepale. Usimtume afisa utumishi akasimame kizimbani kwa niaba yako, anayetajwa kwenye hati ya mashtaka ndo anayetakiwa. Na hapa zungumza na wakili kabla ya kuzungumza na mtu yeyote, kwa sababu unaweza kukuta maneno uliyoandika kwenye barua ya hatua ya pili yanasomwa kwa sauti. Ukilipa deni lote kabla, mwambie wakili aipeleke risiti mapema, inabadilisha mazungumzo.

Wenye wazo la kuwahi kushtaki

Kuna mabosi wanasema "nitawawahi mimi". Unaweza, ila ujue mfuko ni taasisi ya umma, kwa hiyo tangu marekebisho ya mwaka 2020 unatakiwa kutoa notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri liende Mahakama Kuu. Siku 90 ni miezi mitatu ya penati. Kwa deni la kampuni ya watu 12 mi siioni faida, labda kama ugomvi ni wa tafsiri ya sheria wenye hela nyingi.

Na jihadhari na vishoka. Atakuja mtu ana tai nzuri anasema ana mtu ndani atalifuta deni kwenye mfumo kwa milioni mbili. Malipo yote yanapita kwenye kontrol namba na mchango unaingia kwa jina la mwanachama, hizo milioni mbili hazina jina la mwanachama.

Wafanyakazi wako uwaambie nini

Waambie ukweli, wanajua tayari, kila mtu sa hivi anaangalia salio lake kwenye simu. Waonyeshe mpango wa kulipa na miezi gani inaanza. Halafu angalia nani yuko kwenye hatari zaidi. Fao la kukosa ajira linataka mtu awe amechangiwa miezi 18, pensheni ya uzee miezi 180. Kama una kijana umempunguza kazini ana miezi 16 iliyoingia na miwili ipo kwako mezani, huyo unamzuilia hela ya kula wakati hana kazi. Mzee wa miaka 59 mwenye miezi 174, hivyohivyo. Kwenye kikao cha makubaliano taja majina ya watu wa namna hii na uombe miezi yao ianze, nimeona ikikubaliwa, na hata kama haikuwekwa kwenye hati unaweza kuchagua mwenyewe mwezi gani unaanza kuulipia.

Hatua ya mwisho, baada ya kulipa

Hii inarukwa na karibu kila mtu. Umemaliza awamu ya mwisho, umepumua, faili umelitupa juu ya kabati. Malipo uliyofanya nje ya mahakama baada ya hukumu yanatakiwa yasajiliwe mahakamani, kwa sababu mahakama inayokazia hukumu haiyatambui malipo ambayo hayajaandikwa kwenye jalada. Yule mama wa kampuni ya usafi alimaliza kulipa mwezi wa 11, mwezi wa 2 akaunti ikazuiwa kwa deni lilelile, alikuwa na risiti zote kwenye bahasha ya kaki lakini jaladani palikuwa peupe. Ilichukua wiki tatu kufungua akaunti na mishahara ya mwezi huo alikopa.

Kwa hiyo ukishalipa ya mwisho, omba barua ya mfuko kwamba deni la shauri namba fulani limeisha, mpe wakili aifaili pamoja na risiti zote, rudi baada ya wiki moja uombe kuona jalada kwa macho yako. Ukiona imeandikwa kwamba hukumu imetekelezwa, piga kopi, gongesha muhuri, moja ipeleke kwa meneja wa benki yako.